Cheti cha Babu, Jezi ya Mjukuu

Mjukuu wangu anacheza beki wa kushoto. Nalijua hilo kwa sababu nimesimama kando ya kiwanja pale Northfield miaka tisa, baridi ikinitafuna magoti, thermos ya chai ya tangawizi kwapani. Sikupita darasa la tatu, lakini beki mzuri namjua. Ni yule ambaye mshambuliaji akipambana naye mara moja, mara ya pili anahamia upande mwingine.

Basi timu ya taifa ya wanawake ya Pakistan ikamwona kwenye video, ikamwita. Njoo kambini, wakasema, ila lete karatasi ya kuonyesha kwamba mzazi wako, au babu au bibi, alizaliwa Pakistan. Ndiyo sheria ya mpira. Sasa mimi bibi yake ni Mswahili wa Mombasa. Babake, yaani mwanangu, kazaliwa Mombasa. Mamake na watu wake wote ni wa hapa hapa Birmingham. Aliyebaki ni marehemu mume wangu.

Na cheti cha marehemu kinasema alizaliwa Mombasa.

Ni uwongo. Alizaliwa kijiji cha karibu na Jhelum, huko Pakistan, akaletwa Kenya na mamake akiwa hajaota hata meno yote. Uhuru ulipokuja, baba mkwe aliona wasiozaliwa Kenya wanasumbuliwa, akamchukua jirani akaape kwamba alikuwepo siku mtoto alipozaliwa. Jirani mwenyewe alifika Mombasa miaka mitano baadaye! Wengi mtaani kwetu walifanya hivyo, na hakuna aliyeona haya. Nani angejua iko siku tutautaka ukweli?

Mwanangu aliandika barua pepe hadi akachoka. Ofisi ya huku ikamtuma ofisi ya kule, ya kule ikamrudisha ya huku. Orodha ya kambi ilikuwa inafungwa baada ya wiki tano. Mtoto hali chakula. Anapiga mpira ukutani, puh, puh, puh, jirani akaja kugonga mlango. Nikamwambia akalalamike kwa hizo ofisi, aonje.

"Mama," mwanangu akasema, "shangazi yuko Jhelum. Yeye anaweza kukitoa cheti cha kweli."

"Shangazi gani?"

"Unamjua."

Namjua. Ni wifi yangu. Tuliishi ua mmoja Mombasa, yeye mkubwa akinisuka nywele. Kisha nduguye akanioa, na siku ya harusi akasema mbele ya watu kwamba kaka yake amemwoa yaya. Mwaka uleule akaolewa Jhelum. Kaka yake alipokufa alimpa pole mwanangu, mimi akaniruka. Miaka arobaini na nane sikuisikia sauti yake, na nilikuwa nimepanga kufa hivyo hivyo.

Nilizunguka nyumba siku tatu. Siku ya nne mjukuu akarudi kutoka mazoezini, akaketi ngazini na viatu vyake vya njumu, matope yakidondoka kwenye zulia, akaniambia kwa Kizungu chake kwamba basi, haidhuru. Haidhuru! Mtoto aliyevunjika mkono akiwa na miaka kumi na mmoja akakataa kutoka uwanjani, leo karatasi imshinde!

Nikamwambia mwanangu, "Nipe hiyo namba."

Simu ikaita mara mbili. Nikasema, "Ni mimi."

Kikaja Kiswahili cha Mombasa, kibichi kama hajaondoka: "Kumbe bado u hai?"

"Nasubiri wewe utangulie. Wewe ndiwe mkubwa."

Akacheka. Mimi sikucheka. Nikamweleza shida yetu.

"Mpira? Mtoto wa kike? Na mapaja nje?"

"Anavaa suruali ya kubana chini ya bukta. Na hata asingevaa, wewe hukuombwa macho, umeombwa cheti."

"Mdomo wako haujabadilika."

"Wala roho yako."

"Basi niombe vizuri."

Hapo pakanichoma. Mjukuu alikuwa mbele yangu amenikodolea macho. Kiswahili anakisikia chote, kujibu tu ndiko hataki. Ningekuwa peke yangu ningekata simu. Nikasema, "Wifi yangu, tafadhali. Nakuomba."

"Sema tena, laini mbaya."

Laini ilikuwa safi kabisa. Nikasema tena.

Alikwenda, siwezi kumsingizia. Alipanda basi mara tatu na miguu yake mibovu, hadi karani wa kijiji akalifukua daftari la zamani. Cheti kikafika. Kisha nikapelekwa kwa wakili, nikaape kwamba baba mkwe wangu alidanganya. Mzee wa watu, aliyenipenda kuliko bintiye! Nikaapa. Sahihi ikatoka kama kuku amepita na miguu michafu.

Mtoto akaenda, akacheza dakika zote tisini. Walifungwa mawili, lakini yote yalipita kulia, na anayebisha aje nimwonyeshe. Nilipiga vigelegele mbele ya televisheni hadi sauti ikakauka.

Baada ya mechi mtangazaji akasema asili ya huyu mchezaji ni Jhelum, na kwamba shangazi wa babake ndiye aliyemfungulia njia. Wakamwonyesha wifi yangu kitini, shada la maua shingoni, akigawia majirani peremende. Mombasa haikutajwa. Mimi ndiyo kabisa.

"Bibi, mimi nilikutaja," mjukuu akaniambia kwenye simu, na mara hii kwa Kiswahili. "Wamekata."

Wamekata!

Juzi wifi alipiga tena. Gazeti la kule linataka picha za mtoto tangu alipoanza mpira, naye hana hata moja. Mimi nina sanduku zima. Nikazimwaga kitandani, nikazitenga mafungu mawili. Kuna picha nzuri sana anazoonekana peke yake, anaruka, nywele zinapepea. Hizo nikazirudisha sandukuni. Zilizotumwa ni zile nilizomo.

Mwanangu anasema nina kinyongo. Ninacho.