Fundi wa Mageti Anayempigia Gitaa Nyoka Aliyemeza Mwezi

Saa tatu asubuhi, jua la Mapinga limeshaanza kuuma. Mwaija Shuaibu amepiga goti mbele ya geti la bluu, cheche za grenda zikimrukia kwenye miwani. Akikandamiza, mashine inakoroma; akilegeza, inalia juu kwa juu. Ghafla anaizima na kutega sikio.

"Umesikia ilivyomalizia?" anauliza, akiipandisha miwani juu ya mtandio. "Sauti hiyo naitaka kwenye gitaa. Naihangaikia tangu Ramadhani."

Mwaija (34) ni fundi wa kuchomelea. Nyumba nyingi mpya zinazoota kando ya barabara ya Bagamoyo zina mageti yake. Jumamosi jioni, kazi zikiisha, yeye na wenzake wawili huigeuza karakana kuwa ukumbi wa roki ya saikedeliki: gitaa linalonguruma, mwangwi unaozunguka, wimbo unaojivuta taratibu mpaka msikilizaji hajui kama amekaa au anaelea.

Muziki huo aliukuta kazini. Alikuwa akifunga madirisha kwa baharia mmoja mstaafu, mzee mwenye santuri za kila bandari aliyotia nanga. Siku moja mzee akaweka moja, na Mwaija akasimama na nondo mkononi.

"Nilidhani redio imeharibika," anasema na kucheka. "Halafu nikasikia mtu anaimba humo ndani juu ya majitu na miungu ya kwao, mambo ya kale kabisa. Nikajiuliza, kumbe hadithi za mabibi zinapigiwa gitaa? Mbona hata sisi tunazo!"

Mzee akamwachia gitaa lake kuukuu, na Mwaija akawa anajifunza kila jioni.

Hadithi aliyoichagua ni ya marehemu bibi yake, Bi Hajra wa Kerege. Mwezi ukipatwa, watu wa kale walisema nyoka mkubwa ameumeza. Watoto walitoka na masufuria na vifuniko, wakapiga na kupiga, wakimwimbia nyoka auachie. Mwaija akaitungia wimbo.

Kabla haujakamilika, grenda ikamponyoka na kumkata kidole cha kati cha mkono wa kushoto. Jeraha lilipona, kidole kikabaki kimekakamaa. Hakikunjiki mpaka leo.

"Nililia," anasema. "Si kwa maumivu. Kuchomelea ningeweza, lakini gitaa utalibanaje na kidole kama kijiti?"

Miezi ikapita gitaa likiwa limetundikwa ukutani. Halafu siku moja akiwa anakata bomba, kipande kidogo kikaanguka miguuni pake. Akakiokota, akakivika kwenye kile kidole kilichokakamaa, akalishusha gitaa na kukitelezesha juu ya nyuzi. Sauti ikatambaa. Haikuruka kutoka noti hadi noti. Ilijiburuta, ikajipinda, ikapanda.

Najim, mpiga ngoma wa bendi, alikuwa nje ananawa mikono. "Niliingia mbio," anakumbuka. "Nikamwambia, dada, huyo ndiye nyoka mwenyewe!"

Nyoka akapatikana, lakini na maneno ya watu yakaanza. Habari zikamfikia baba yake, Mzee Shuaibu, mkulima wa mihogo Kerege, kwamba bintiye anaimbia mashetani. Mzee hakuwahi kuukataa ufundi wake. Hili la gitaa lilimchoma. Jumamosi moja akasimama mlangoni mwa karakana, kanzu imenyooka.

"Shikamoo baba," Mwaija akasema.

"Marahaba. Pigeni hicho mnachopiga, nikisikie kwa masikio yangu."

Wakapiga. Mzee alisikiliza akiwa amesimama, mpaka ngurumo ya mwisho ikazama gizani.

"Mbona mmeuacha mwezi tumboni?" akauliza.

Akaingia hatua moja ndani.

"Mimi nilikuwepo, mtoto mdogo. Wakubwa walikwenda msikitini kuswali, sisi tukashika masufuria. Tulipiga mpaka mwezi ukatoka, watu wakamshukuru Mungu, wakalala. Ninyi mnawarudisha watu makwao na giza? Malizeni hadithi."

Akaaga, akaondoka. Hakusifu wala hakukataza. Mwaija anasema alibaki amekumbatia gitaa, machozi yakimtoka, maana baba yake alikuwa ameusikiliza wimbo wake kwa makini kuliko mtu yeyote.

Sasa mwisho ni mwingine. Gitaa linanyamaza, masufuria anayoyapiga Najim yanabaki peke yake, yakiongezeka kasi. Kisha kile kipande cha bomba kinapanda kwenye uzi mwembamba hadi sauti moja safi, nyeupe. Waliokuja kusikiliza hutoka nje wakiangalia juu.

Anachotaka sasa ni kuurekodi. Studio moja ya Dar es Salaam ilikubali, ila ikataka aupunguze kutoka dakika kumi na moja hadi tatu ili redio ziucheze. Akawashukuru, akarudi Mapinga. Nyuma ya karakana ameanza kujenga chumba chake cha kurekodia; kuta mbili tayari zimebandikwa trei za mayai za kuzuia kelele, na mlango atauchomelea mwenyewe.

"Sina kinyongo nao," anasema, akivaa tena miwani. "Lakini nyoka mkubwa vile hamezi mwezi kwa dakika tatu."