Dada Yangu Hayumo Kwenye Ripoti

Siku watu wa serikali walipokuja kukagua boti yangu ya wagonjwa nilivaa kanzu ya Idi, na haikuwa Idi. Boti nilikuwa nimeisugua kwa sabuni ya unga, nimeitia godoro jipya, na ubavuni fundi wa rangi kutoka Amu, ndiyo Lamu mjini, alikuwa ameandika AMBULENSI kwa herufi nyekundu ambazo ungezisoma ukiwa ng'ambo ya mkondo. Mimi sijifichi, napenda kuonekana. Aliyetoka chini nilikotoka mimi akisema hapendi kuonekana, huyo ni mwongo.

Shule niliiacha ningali mdogo, baba yetu alipofariki. Nikaenda kukumba maji ndani ya vyombo vya watu, siku nzima kata mkononi, usiku viganja vinawaka. Sikurithi hata kasia. Leo nina boti za fiba na injini zake, nina nyumba mtaa wa Wiyoni, Amu, yenye vigae mpaka jikoni, na wenye shahada zao hunipigia simu kuniomba, "Bwana, tafadhali, tuna mgonjwa." Haya unayoyasoma nimeyaandika kwa mkono wangu mwenyewe, na asiyependa mwandiko wangu aandike yake.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Kijiji tulichozaliwa kiko mbele ya kisiwa cha Ndau, kidogo kiasi kwamba ramani nyingine hazikioni. Kina zahanati ya muuguzi mmoja, mwanamke wa bara ambaye sote humwita daktari, na yeye ameacha kutusahihisha. Mgonjwa akimshinda, hunipigia simu, nami humchukua mgonjwa mpaka hospitali kubwa. Serikali ilinipa kazi hiyo kwa mkataba kwa sababu injini zangu hazizimiki njiani. Hilo si majivuno, waulize hata wasionipenda.

Mkuu wa wakaguzi alikuwa mwanamke wa makamo kutoka bara. Alishuka majini viatu mkononi, suruali kaikunja, wimbi likampiga mpaka kiunoni, akacheka mwenyewe. Nilimpenda kwa hilo. Tukakaa kwenye baraza ya zahanati, kijiji kizima kimekuja, akatueleza kazi yake: kutazama wagonjwa wanavyotunzwa, na kutazama kama yanayoripotiwa ndiyo yanayotendeka. Akafungua tableti yake, akasoma, kisha akanitafuta kwa macho.

"Kapteni ni nani hapa?"

"Ni mimi."

"Hongera. Boti yako haina kifo hata kimoja safarini. Kwetu kuna ambulensi zinapita juu ya lami na hazijafikia kiwango hiki."

Watu wakapiga makofi. Nikasema alhamdulillahi kwa sauti ya mtu anayetaka kuulizwa zaidi.

Hapo shemeji yangu akasimama. Shemeji huyu, mume wa dada yangu, ni mtu wa kuanika ng'onda, samaki wa kukausha, hana maneno mengi, na watu walishangaa kumwona wima. Alikuwa amempakata mtoto wake wa mwisho, aliyekuwa hajaanza kutembea.

"Na mama yake huyu?" akauliza.

Mkaguzi akatutazama mmoja mmoja. Kila mtu pale alijua, isipokuwa yeye na wenzake.

Dada yangu alijifungua pale zahanati wakati wa kaskazi, asubuhi, mtoto salama. Damu ndiyo haikukatika. Muuguzi alimtia dawa aliyokuwa nayo, akanipigia, nami nilikuwa karibu, nikafika mara moja na injini kubwa. Muuguzi hakuweza kuja nasi, alikuwa na mwanamke mwingine kitandani ambaye mtoto wake alikuwa njiani. Shemeji akabaki na kichanga. Aliyepanda na dada ni shangazi yetu, mwanamke mzima, mwenye kuheshimiwa, ambaye ndiye huosha maiti wa kike hapo kijijini.

Kwetu mwanamke mgonjwa akiwekwa botini hupigiwa turubai kule mbele, na wanaume macho yao huwa baharini. Hata kama ni ndugu yake. Kwa hiyo nilisimama nyuma kwenye injini nikitazama maji tu. Tulipoingia mkondo wa Mkanda bahari ilikuwa inakupwa, ikabidi nipunguze mwendo nisije nikapanda mchanga. Nikaita, "Vipi huko?" Shangazi akajibu, "Endesha." Nikaita tena, akajibu tena, "Endesha, mwanangu." Kisha nikamsikia anasoma Yasini. Alipomaliza akasema kwa sauti ya kawaida kabisa, "Geuza."

Nikageuza.

Najua mtu wa mjini ataniuliza kwa nini sikuendelea mpaka hospitali. Kwa sababu hospitali ni ya wagonjwa. Ukimfikisha maiti pale ataingizwa kwenye baridi, atalala uchi mbele ya wasiomjua, utaambiwa ngoja huyu asaini na yule asaini, na mwenzio anastahili kuzikwa kabla ya jua kutua. Sikuwa wa kwanza kugeuza. Kila mwenye chombo visiwani hugeuza, na mimi mwenyewe nilishageuza na maiti za watu wengine kabla ya dada yangu, na jamaa zao walinibusu mkono. Dada tulimzika baada ya sala ya alasiri. Naibu wa chifu akatupa kibali cha kuzika kilichosema alifia nyumbani. Alifanya hivyo kwa wema, ili tusisumbuliwe, na tulimshukuru.

Sasa hayo yote yalikuwa yamesimama pale barazani pamoja na shemeji. Mkaguzi akamuuliza jina la mkewe, akapekua tableti yake, akaiweka chini.

"Baba, kwa maandishi niliyonayo, mkeo alitoka hapa akiwa hai. Hospitali hakufika. Hakupona, hakufa. Kwetu sisi hayupo."

"Yupo," shemeji akasema. "Inuka nikakuonyeshe. Amelala nyuma ya msikiti."

Mzee mmoja akamvuta kanzu. "Kaa, bwana. Utamtia aibu shemejio mbele ya wageni."

"Aibu gani? Mimi nataka iandikwe. Hakuna zaidi."

Mkaguzi akanigeukia. Sitasema uongo, niliuona mkataba wangu ukielea mbali kama ndala iliyoanguka majini. Lakini mimi si mtu wa kumkana dada yangu nikiwa nimevaa kanzu nyeupe. Nikasema, "Alifia ndani ya boti yangu. Niligeuza mimi."

Hakunikemea, na nafikiri ingekuwa nafuu angenikemea. Alinieleza polepole, kama mtu anayeeleza njia kwa mgeni. Akiandika kwamba alikufa tu, itaandikwa sababu haijulikani, na kesi ya namna hiyo huishia kabatini. Lakini ikijulikana kilichomuua mle botini, kwamba alivuja damu na hapakuwa na mtu wa kumsaidia, basi yeye ana nguvu ya kuandika kwamba boti yoyote isimchukue mgonjwa bila muuguzi ndani, na walio juu yake watalazimika kuleta muuguzi wa pili.

"Nani alimwona?" akauliza. "Si kusikia. Kuona."

Mtu huyo alikuwa mmoja tu, na hakuja barazani.

Nikamwambia mkaguzi, "Niachie mimi. Kabla hujala chakula cha mchana nitakuwa nimekuletea maneno." Nilisema hivyo kwa sababu sijawahi kukosa nilichokitaka kwa kuzungumza na mtu. Mkataba wenyewe niliupata kwa kuzungumza.

Shangazi nilimkuta ukumbini anasuka mkeka. Alizaliwa Amu, akaletwa huku kwa ndoa, na lugha ya Amu haijamtoka.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Kanzu hiyo, umekuya kuposa?"

"Kuna mgeni wa serikali, shangazi. Anataka kujua dada alikufaje."

Hakuacha kusuka. "Alikufa kwa amri ya Mola wake. Mwambie."

"Anataka kujua ulichokiona."

"Mimi sikuona kitu."

"Shangazi, ulikuwa naye turubaini. Ndiwe uliyemuosha."

"Ndiyo sababu sisemi jingine." Hapo akaweka mkeka. "Mwanangu, mimi naosha wanawake wa mui huu tangu wewe hujui kufunga kikoi. Wengine nimewakuta na mambo ambayo waume zao hawayajui mpaka leo. Umesikia hata moja?"

"Hata moja."

"Basi."

Nikamweleza habari ya muuguzi wa pili. Nikamweleza kwamba hakuna aibu katika damu, kila mtu anajua wanawake hutoka damu. Nikamwambia nitampeleka Umra mimi mwenyewe, ndege, hoteli karibu na Haram, kila kitu. Alinitazama kwa huruma, mimi ambaye watu huniomba.

"Hata dadako wamfanya biashara," akasema. "Sikia. Nikifungua kanwa leo kwa huyu, kesho walio hai wataogopa kufia mikononi mwangu. Atawaosha nani, serikali?"

"Ni kwa ajili ya kuokoa wengine, shangazi."

"Waokoeni basi! Boti ni yako, serikali ni yao, ndia ni ile ile. Mwataka muuguzi, mtieni. Mwangoja mimi nimfunue maiti?"

Ningeweza kununua injini nyingine siku ile ile, lakini muuguzi haagizwi dukani, hutumwa na serikali, na serikali ilikuwa inangoja maneno ya bibi mmoja mwenye ukili wa mkeka mapajani.

Nikaenda kwa imamu. Imamu ni mtu mwelewa, alisema kueleza ugonjwa kwa tabibu, kwa maslahi ya walio hai, si kumfedhehesha maiti, na kwamba shangazi aende kusema akiwa na amani. Nikarudi mbio kwa shangazi na fatwa yangu, jasho limeilowesha kanzu mgongoni. Akasikiliza mpaka mwisho.

"Amesema hivyo?"

"Kwa kinywa chake."

"Vyema. Akija kufa mwanamke mwingine, aje amuoshe yeye."

Mwishowe mkaguzi alikwenda mwenyewe. Aliacha tableti na simu mlangoni pamoja na viatu vyake, akajifunga mtandio kichwani, akakaa chini kwenye mkeka. Nilibaki nje ukutani, na nilisikia kila kitu. Shangazi alimletea kahawa na kaimati. Alimuuliza watoto wangapi, na wanalala na nani mama yao akiwa safarini. Alimweleza visima vya kijiji vilivyoingia chumvi. Walicheka mara mbili au tatu. Kisha mkaguzi akauliza, kwa adabu sana, na kikombe kikasikika kikiwekwa sahanini.

"Wewe ni mwanamke," shangazi akasema. "Na kazi hii ndiyo yako. Wajua lililotokea. Andika."

"Nyanya, siwezi kuandika ninachojua. Naandika nilichoambiwa."

"Basi tumefanana. Mimi nimeambiwa ninyamaze."

Alipotoka, macho yake yalikuwa mekundu. Alichukua viatu vyake, akanipita, akasema tu, "Kapteni, maji yakijaa tuondoke." Kule Mkanda nilimwonyesha mahali penyewe, akatazama maji muda mrefu, akaomba nizime injini. Nikazima. Hapakuwa na cha kuona pale, mikoko tu pande zote mbili na tope. Akaniashiria niwashe.

Muuguzi wetu naye aliulizwa, akasema alichokijua, kwamba alimtuma mgonjwa anayetoka damu. Lakini wakubwa wao walitaka kujua mgonjwa alifikaje mwisho wake, si alivyoanza safari, neno langu peke yake halikutosha maana sikuona, na kibali cha kuzika chenye muhuri kilisema nyumbani. Mkaguzi alinipigia simu zaidi ya mara moja kuuliza kama shangazi amebadili neno. Mara ya mwisho hakuuliza. Alisema, "Nilijaribu, kapteni," kisha akakata.

Ripoti ilifika baada ya mvua. Naibu wa chifu aliisoma barazani pale pale, kwa Kiswahili cha ofisini, akipandisha miwani kila mstari. Zahanati yetu ilipata alama ya wastani. Choo kitengenezwe. Dawa zihifadhiwe penye ubaridi. Usafiri wa wagonjwa kwa njia ya bahari, ubora wa hali ya juu, vifo safarini hakuna, muuguzi wa ziada hahitajiki kwa sasa, mwenye boti apongezwe na mkataba wake uongezwe hadi visiwa vingine.

Nikamtafuta shemeji kwa macho. Alikuwa ukingoni mwa baraza, mtoto amesimama kati ya miguu yake akishikilia magoti, maana sasa alikuwa anajaribu kutembea. Shemeji alimwinua, akamweka begani, akashuka ngazi bila kuaga mtu, akashika njia ya kwake. Hakugeuka. Tangu siku hiyo nikimsalimu hunijibu, kwa sababu salamu ni wajibu, na haendi zaidi ya hapo.

Naibu wa chifu alitaja jina langu, watu wakaanza kupiga makofi, na walipiga kwa nguvu, jamaa za wale niliogeuza nao wakiwa mbele kabisa. Shangazi alikuwa upande wa wanawake. Yeye mikono yake ilikuwa ndani ya buibui.

Nilikuwa nimetajwa. Nikasimama.