Siku Bibi Alipoanza na Mchuzi wa Pweza

Tik. Hata leo, swichi ndogo ikizimwa karibu nami, moyo hunishuka. Ndiyo sauti iliyokuwa ikitoka kwenye kamera ya Haruko.

Ngoja nikueleze polepole. Haruko alikuwa Mjapani aliyetengeneza filamu za maisha ya watu, peke yake, bila kampuni nyuma yake. Alitaka kuwarekodi wazee waliohama kabla kumbukumbu hazijawatoka, maana nyanya yake mwenyewe alikufa akizungumza lahaja ambayo yeye hakuielewa. Kila Jumamosi alipanda basi mpaka kwetu Agincourt, kitongoji cha huku ughaibuni, akavua viatu mlangoni bila kuambiwa, na kwa hilo tu Bibi akampenda.

"Kamera haina tumbo, mwanangu," Bibi alimwambia. "Wewe kula kwanza."

Mama alimkaribisha kwa sababu yake mwenyewe. Kabla ya kumzaa yeye, Bibi alizaa mtoto wa kiume aliyefia Tanga angali mdogo. Hakuwahi kumtaja jina wala kusema alizikwa wapi, na sasa kumbukumbu zake zilikuwa zikichuja kama kanga kuukuu. Labda Bibi atamwambia mgeni, Mama alisema.

Mkalimani nilikuwa mimi, msichana wa miaka tisa. Kiswahili nilikielewa chote, ingawa nilijibu kwa Kiingereza kama watoto wengi wa huku. Haruko alikuwa na betri mbili tu, hivyo tulipatana: mazungumzo yakitoka njiani nimwambie, aipumzishe kamera. Nilijiona mkubwa kuliko wote pale sebuleni.

Jumamosi moja tulialikwa Malton, upande wa pili wa jiji, kwenye sherehe ya kuzaliwa ya binamu yangu. Koti langu lilikuwa tayari mapajani, na Mama alikuwa nje akiwasha gari. Bibi akasema, "Siku ile nilipika mchuzi wa pweza."

Akaongeza sentensi mbili hivi, nami sikuzisikiliza. "Anaongelea mapishi tu," nikamwambia Haruko.

Tik.

Bibi aliendelea, tena kwa muda mrefu. Haruko aliitikia kwa kichwa, kwa adabu, bila kuelewa kitu, nami nilikuwa mlangoni nahangaika na zipu ya buti. Tuliporudi, Mama aliniuliza Bibi kasema nini. Chakula, nikamjibu. Akacheka. Jumamosi iliyofuata, Bibi alimwuliza Haruko yeye ni nani.

Bibi alishafariki siku nyingi. Mwezi uliopita Haruko, naye sasa mvi tupu, alinitumia video zote. Katika ile ya siku hiyo, macho ya Bibi si ya mtu anayesimulia chakula. "Alikuwa akiupenda," anasema. "Nikamwekea kibakuli chake..." Hapo ndipo inapoingia sauti yangu, nyembamba, yenye haraka, na picha inakatika.

Maneno yote niliyajua. Ambacho sikukijua ni kwamba watu wa rika la Bibi hawakuingia msibani kwa mlango wa mbele. Walianzia jikoni, siku ile kulipikwa nini, wakasogea taratibu mpaka wafike kitandani kwa mgonjwa. Kwa hiyo, mwenzangu, mzee wako akianza na habari za sufuria, vua koti, vuta kiti. Wewe bado unaye.

Jana Mama aliniuliza tena kama video za yule Mjapani zimefika. Anaamini ndugu yake ametajwa humo. Nikamwambia bado.

"Basi tutasubiri," akasema, akanimiminia chai.