Doa la Mawese Mahakamani

Wapendwa, leo siimbi kwanza. Nikianza kuimba nitalia, na mi sikusimama hapa kulia.

Mnanijua. Mi Mama Bahati, mshonaji, mtoto wa Bukavu. Kabla ya ugonjwa nilikuwa mtu wa cherehani na sombe, kisamvu chetu. Wamalawi wana nsima, ugali wao; tunasema zikomo, asante, tunaila. Lakini sombe bila mawese, kwangu ni majani ya mbuzi. Mawese nilinunua kwa Papa Lwaba, shemasi wetu, aliyeyaleta hapa kambini Dzaleka kwa vidumu kutoka Old Town, Lilongwe. Yalikuwa mekundu, mekundu kabisa! Tukamsifu.

Tumbo lilianza Jumatatu. Nilitapika, nikaharisha, mpaka nikajichafua kitandani kama mtoto. Siku ya nne mkojo ukatoka mwekundu. Macho yakawa ya manjano, miguu ikavimba, viatu vikakataa.

Baba Bahati, mume wangu, akasema, "Huyu bamemulisha sumu. Iko mutu amefanya hii!"

Njo tulivyo sisi batu ya Kivu. Mtu akiumwa tumbo, tunatafuta mkono uliompa chakula. Jirani yangu Mrundi, Mama Niyonzima, alikuwa ameniletea maharage, basi tukamshuku yeye. Watu wa nyumbani wakaninywesha mizizi ya kutapisha sumu, nikatapika mpaka nyongo. Halafu nipate nguvu, wananipa nini? Wali wenye mawese ya Papa Lwaba! Na huyo Mama Niyonzima niliyekuwa namlaani, njo aliyenifulia mashuka yenye kinyesi changu. Dada, umekaa pale. Nilikuomba msamaha nyumbani kwako, leo nakuomba mbele ya watu.

Hospitali ya Lilongwe nilifika nimebebwa. Daktari alinibonyeza ubavuni, nikapiga kelele.

"Ini na figo zako zimeumia," akasema. "Umekuwa ukila nini?"

Nikamtajia vyote. Nilipofika kwenye mafuta akaacha kuandika, akaniuliza yametoka wapi. Nililala pale majuma matatu, dripu ya serumu mkononi, ngozi inawasha, mdomo mchungu. Siku mkojo uliporudi rangi yake, niliita nesi aje auone. Alicheka, na mi nikacheka.

Niliporudi, Baba Bahati alikuwa amemwaga mafuta yote kwa kuogopa. Wakaguzi wa chakula, walioitwa na daktari, walipofika kwa Papa Lwaba, vidumu vilikuwa vimeoshwa vinang'aa. Ushahidi wote umekwisha. Lakini mi ni mshonaji, na tabulie, aproni yangu nyeupe ya kupikia, ilikuwa na doa la mafuta yale. Mama yangu alinifundisha: doa la mawese usilisugue sana, fua, anika, jua litalila. Hili nililianika siku tatu. Jua likashindwa.

Nikaibeba hadi Lilongwe, kwa mwendesha mashtaka, dada mmoja mfupi mwenye sauti ya polepole. Aliitia katika mfuko wa plastiki, akaufunga.

"Hii itaenda maabara," akasema. "Lakini nguo haisemi. Wewe utasimama?"

Hapo njo vita ilianza. Ninyi, ndiyo, ninyi, mlikuja kwangu na Biblia. "Mama Bahati, ndugu hashitaki ndugu mbele ya batu basioamini. Sisi bakimbizi tunyamaze, tusiharibu jina yetu." Nikawauliza: mkojo wangu ulipokuwa mwekundu, jina la nani liliharibika? Nikachukua ruhusa ya kutoka kambini, nikaenda.

Mahakamani mkalimani alikaa kando yangu. Wakili wa Papa Lwaba akatabasamu.

"Wewe fundi wa nguo, unajua nini kuhusu chakula?"

"Bwana, mi nilikula."

Mtu mmoja akacheka nyuma, hakimu akamnyamazisha. Majibu ya maabara yakasomwa: wekundu ule ni rangi ya kutia nguo. Papa Lwaba akainama. Akakiri alichukua mafuta meupe, akayatia rangi hiyo nyumbani kwake. Akafungwa. Mnataka niseme nilihuzunika? Nilifurahi! Sitadanganya ndani ya nyumba ya Mungu.

Namshukuru Mungu, na daktari, na dada yule wa mashtaka, na mikono ya Mama Niyonzima. Tumbo likikataa, kimbilia hospitali kabla ya kumtafuta mchawi. Na chakula unachokishuku usikimwage. Kifunge, kipeleke. Kitambaa si maabara, lakini doa likigoma kufa juani, uliza maswali. Wakikwambia nyamaza, uliza kwa sauti.

Neno la mwisho. Jumamosi nilienda gerezani na bakuli la sombe, nimelipika kwa mawese ya kweli. Papa Lwaba alilitazama, hakunyoosha mkono. Kwetu anayetoa chakula huonja kwanza. Nikachota, nikala mbele yake, nikameza.

"Ona, Papa," nikamwambia. "Mi nimeonja. We ulituuzia bila kuonja."

Akalia. Halafu akavuta bakuli, akala mpaka likaisha.