Jino Juu ya Paa

Harufu ya karafuu kwa daktari wa meno hunirudisha siku tuliyohamishiwa kijiji cha ujamaa, kando ya barabara ya Nzega. Tukipakia lori, mchi wa kinu uliponyoka ukaning'oa jino la mbele. Mama akalirusha juu ya paa la nyasi, kama alivyoyarusha meno yangu ya utoto, akamwomba panya aniletee jipya. Tukaondoka.

Kule kijijini, tabibu wa zahanati alinichungulia mdomoni.

"Hili halioti tena, mama. Mngelileta kwenye maziwa, ningelirudisha."

Mama alitoka bila kuaga, akarudi kwa miguu hadi kwetu.

Aliporejea kesho yake, kanga yake ilinuka moshi.

"Nyumba wameshaichoma," alimwambia baba.

Viganja vyake vilikuwa vyeusi kwa majivu.