Redio Iliyosema Jioni Tu

Nakumbuka vizuri, mwanangu, alasiri ile pale Lodwar mzee mmoja wa Kakuma alipoingia dukani na kuuliza bei ya redio. Miaka hiyo ya sabini hatukuwa na kituo chetu. Sauti ilitoka mbali, Nairobi, na redio za bei ya chini, zile za masafa ya kati peke yake, ziliipata jua likishazama. Mchana ulisikia mvumo tu. Mimi muuzaji nililijua hilo. Wanunuzi wengi hawakulijua, nami sikuona sababu ya kuwasumbua nalo.

Mzee huyo aliitwa Lomuria. Binti yake, Akai, alikuwa amelazwa hospitali huko Kitale, mguu umevimba hadi gotini. Lomuria aliambiwa kwamba mtoto akipona, siku ya kutoka itasomwa redioni katika matangazo ya saa saba mchana, ili yeye aje kumpokea Lodwar. Ndiyo sababu alitaka redio, wala si muziki.

"Hii naongea mchana?" akaniuliza.

"Mzee, wewe njoo jua likizama, uisikie mwenyewe."

Jibu zuri, sivyo? Halina uongo hata chembe. Nililigeuza kichwani mara mbili kabla ya kulitoa. Jioni alirudi na mbuzi wake, nikawasha, mtangazaji akatoka wazi kana kwamba amesimama nyuma ya kaunta.

"Mbuzi tatu," Lomuria akasema.

"Wanne."

"Hii kitu haizai. Haina maziwa. Tatu."

"Lakini pia haili majani, mzee."

"Inakula mawe!" akasema, maana betri tuliziita hivyo, na watu waliokuwa mlangoni wakanicheka. Tukamalizia kwa mbuzi watatu na mwanambuzi mmoja. Niliwahesabu, nikawashika mbavu, nikawahesabu tena.

Mwenye duka alikuwa Mama Zipora, mwanamke aliyetoka kusini kuja kufanya biashara Lodwar. Yeye alikuwa na redio yake kubwa, yenye masafa mafupi na waya uliopanda hadi juu ya mabati. Hiyo ilisema hata mchana. Basi Jumanne moja saa saba tukasikia: Akai binti Lomuria wa Kakuma atatoka hospitali, atafika Lodwar Ijumaa, jamaa zake wampokee.

Mama Zipora akaacha kupima sukari. "Si ndiye yule mzee wako wa mbuzi?"

"Ndiye."

"Na redio uliyomuuzia, saa hizi inasema?"

Nikachukua kitambaa nikafuta kaunta. Ilikuwa safi tayari.

"Kijana, ninakuuliza."

"Jioni inasema vizuri sana, mama."

"Sijauliza jioni."

Akaendelea kupima sukari yake. Mimi sikutulia tena. Nilitoka hadi barabarani, nikarudi, nikatoka. Nilijaribu kutuma neno kwa dereva mmoja, kumbe anakwenda Lokitaung, njia nyingine, tena hana nia ya kupita kijiji kwa kijiji akitafuta mzee mwenye redio. Usiku sikupata usingizi. Nikazipiga hesabu siku zilizobaki, nikazirudia, zikabaki zile zile. Jumatano nikapanda lori la mahindi, juu ya magunia, tukakwama mchangani, tukalala huko huko.

Nilifika kwa Lomuria Alhamisi, jua la saa sita likiwa utosini. Nilimkuta ameketi, redio ameibana sikioni, anageuka nayo kidogo huku, kidogo kule. Nikamtazama mkewe nikasahau salamu. Alikuwa amevua shanga zake zote shingoni. Kwa Waturkana hiyo ni alama ya msiba, huhitaji kuuliza.

"Ejok," nikawasalimu hatimaye kwa Kiturkana.

"Redio yako mgonjwa," Lomuria akanijibu. "Jioni naongea mambo ya watu wote. Mchana nakaanga tu, kama mafuta. Mama ya Akai nasema, kama mtoto iko hai, wangekuwa wamesema."

"Yuko hai, mzee. Walimtangaza juzi. Anafika Lodwar kesho."

Yule mama aliketi chini taratibu, kama mtu aliyetua mzigo. Akavuta ngozi iliyokuwa na shanga zake.

"Wewe nasikia wapi?" Lomuria akauliza.

"Redio ya dukani."

"Hiyo naongea mchana?"

"Ndiyo."

"Na hii yangu haiongei. Wewe najua?"

Nilikuwa na majibu mawili mazuri tayari mdomoni, yote hayana uongo. Nikamtazama yule mama akihangaika kuvaa shanga.

"Nilijua," nikasema.

Nikamwambia nitamrudishia mbuzi wake. "Mbuzi kaa nayo," akasema. "Sasa redio yangu ni wewe. Kila siku saa saba nasikiliza. Ukisikia jina ya mtu wa Kakuma, hiyo siku natuma na lori. Si mimi peke yangu niko na mtu hospitali."

Lori lile lile likaturudisha Lodwar, mimi na mzee. Ijumaa Akai akashuka garini na magongo yake, akamkuta baba amesimama pale. "Ulinisikia redioni?" akamuuliza kwa furaha.

Lomuria akaninyooshea fimbo. "Nilisikia huyu. Nachelewa siku mbili."

Niliifanya kazi hiyo miaka mingi. Madereva wakaniita Kituo, nami sikulikataa jina, ingawa hawakunilipa hata soda.

Mwanangu, wewe una ulimi mwepesi kama niliokuwa nao mimi, kwa hiyo sikia. Mtu akikuuliza, jibu alichokuuliza, usijibu kile kinachokufaa wewe. Na kama unajua kasoro ambayo mwenzako hajui kuiuliza, itaje kabla hajatoa mbuzi wake. Punguza bei ikibidi, lakini itaje. Maneno yangu yote yalikuwa kweli, na mama mzima akamlilia mtoto aliye hai.

Mungu akufungulie njia, akushibishie mifugo yako, na kila unayemngoja akufikie salama.