Mmea Unaowaka na Mguu wa Bibi

Pwachaa. Ndivyo lilivyolia lile tope la kijani nilipolibandua mguuni mwa bibi, na mpaka leo nikisikia kandambili ikinasuka kwenye matope naziba masikio. Halikutoka lote. Lilivutika nyuzi ndefu kama kamasi la mtoto, na ndani ya zile nyuzi mlikuwa na usaha na nzi aliyekufa.

Lakini nianze na mmea wenyewe, maana mwanzoni ulikuwa mzuri.

Bibi alikuwa na kidonda juu ya kifundo cha mguu. Nikatolewa kwetu Nzuguni kwenda kumuuguza kijijini, upande wa Mvumi, kwa kuwa mimi ndiye niliyekuwa sina shule wala kazi ya kunishika. Kila asubuhi nilikiosha kwa maji ya chumvi, na ili asisikie sana maumivu nikawa namsimulia. Nilimtungia nchi isiyo na jua, watu wake wanatembea kwa mwanga wa mmea mmoja tu, majani yanawaka kama jicho la paka. Mwenye homa analala chini yake, aliyevunjika anaukumbatia, anaondoka mzima. Bibi akauliza, mbuzi wa huko wanaula? Nikasema wanaula, ndiyo maana hata kinyesi chao kinawaka njiani, mtu hapotei. Alicheka mpaka akasahau mguu.

“Mke mwenzangu,” akaniambia, maana ndivyo alivyoniita kwa utani wa bibi na mjukuu, “mume wetu angekuwa hai angekurudisha kwenu na uongo wako.”

Kidonda chenyewe hakikucheka. Kilianza kunuka, kingo zikawa nyeusi. Nilimwambia twende hospitali, akasema kesho, na kesho yake akasema kesho.

Ndipo mjomba, kitinda mimba wake, akarudi kutoka mnadani na mfuko wa unga wa kijani. Alisimulia kwamba muuzaji alifunika meza kwa blanketi, watu wakawa wanaingiza kichwa mmoja mmoja, naye aliona kwa macho yake unga unawaka. Eti ni mmea wa nuru, unaponya kila kitu, utadhani huyo muuzaji ameiba hadithi yangu. Nikauchukua, nikausukuma uvunguni mwa kitanda kwenye giza, nikachungulia. Haukuwaka. Ulinuka tu, kama maji ya kuoshea vyombo yaliyosahauliwa. Mjomba akasema mwanga umeshaingia ndani ya dawa.

Kinyaa nilichosikia hakikuwa cha harufu peke yake. Ilikuwa kama mtu amechukua gauni langu la Krismasi akapigia deki chooni.

Bibi aliupokea kwa mikono miwili. Sasa, kwetu mlenda, ile mboga ya kuteleza, tunaukausha juani, tunautwanga, na wakati wa kuupika tunautia magadi kidogo ili uvutike. Usiovutika ni maji ya majani tu, hakuna atakayekusifia. Bibi akaikoroga ile dawa, akainua mwiko, akaona inadondoka tone tone. Akasema haina nguvu. Akatia magadi. Akainua tena mwiko, akaongeza mengine, mpaka ikaning’inia vizuri. Ndiyo aliyojipaka, akafunika na jani la mbono, akakataza lisiguswe.

Harufu iliponishinda nikalibandua hivyo hivyo, nikakuta magadi yamekula. Nyama imekuwa nyeupe, laini kama utumbo uliolowekwa, na katikati kulikuwa na kitu kinachong’aa ambacho sikutaka kujua kama ni mfupa.

“Bibi, ule mmea niliutunga mimi. Haupo.”

“Kwani mimi mtoto? Najua haupo.”

“Sasa hili tope unajipaka la nini?”

Akatazama mlangoni kama mjomba yupo. Akasema chinichini kwamba mwanawe ameinunua kwa mapenzi, atamrudishiaje usoni. Halafu akawa anaviringisha ncha ya kanga.

“Na huko hospitali wataukata mguu.”

Kumbe ndicho kilichokuwa kinaahirisha kila kesho. Sikuweza kumwambia hawataukata. Nilimwambia ukikaa hapa mguu utaoza wote na wewe juu yake, na kwamba nitasimama kichwani kwake nikimsimulia hata wakinifukuza.

“Ya mbuzi?”

“Ya mbuzi na kinyesi chao.”

“Haya. Mwambie mjomba wako atafute bajaji. Usimwambie dawa yake inanuka.”

Tukauzungushia mguu kanga yake, tukaenda. Hospitalini walikwangua nyama iliyokufa, na mimi nikasimulia huku nikipumulia mdomoni, bibi ameshika kidole gumba changu utadhani anataka kukichomoa. Nilipofika kwenye mbuzi, muuguzi mwenyewe akacheka. Alipomaliza akasema tumewahi, si sana, lakini mguu utabaki. Bibi akafumba macho, akalala papo hapo.

Muuguzi akanisogezea ile kanga kwa ncha ya koleo, imegandamana, akaniuliza aitupe. Nikasema hapana, ndiyo anayokwenda nayo kanisani.

Nyuma ya wodi palikuwa na bomba, na hakukuwa na mtu. Nikaipaka sabuni. Ule utelezi ukanipenya katikati ya vidole, ukapanda mpaka kwenye viwiko, wa uvuguvugu. Nikatapika pembeni. Nikafukia matapishi kwa mchanga, nikasukutua mdomo, nikainama tena kufua.